Kura ya Kizuka

Ninyi mnaosema kura moja si kitu, hebu nyamazeni kidogo niwape habari ya Mwatumu wa Kigandini. Kura yake ilikuwa moja kama ya mtu yeyote. Haikumpandisha mtu wala haikumwangusha mtu, na pamoja na hayo ilimweka roho juu wiki nzima, akawa halali wala hali.

Kigandini ni kijiji chetu cha pwani, ukishaipita Tongoni ukielekea Pangani. Wanaume wanavua, wanawake wanalima mwani, na Mwatumu alikuwa mlima mwani wa mwanzo mwanzo, wa tangu siku zile watu walipowacheka wanawake kwamba wanakwenda kupanda majani baharini. Alikuwa na miaka hamsini na tisa, mfupi, mkavu, mikono imekakamaa kwa kufunga kamba ndani ya maji ya chumvi. Maneno yake yalikuwa machache. Lakini mguse penye haki yake ndipo utajua kwa nini mumewe, Massoud, alikuwa akimwita Bi Hakimu.

Habari ya kura aliirithi kwa mama yake. Wakati wa Mwingereza, mwaka hamsini na nane ukikaribia, mama yule alikwenda kwa miguu mpaka Tanga mjini kujiandikisha, maana alisikia kuna kura. Karani akamuuliza kama amesoma darasa la nane. Hakusoma hata la kwanza. Akamuuliza kama anapata pauni mia na hamsini kwa mwaka. Mama alikuwa msuka mikeka. Pauni mia na hamsini asingeziona hata angesuka mpaka kiyama. Karani akamwambia, basi mama, wewe huna kura. Akarudi kwa miguu, na nadhani zile maili za kurudi ndizo zilizomkalia moyoni mpaka kufa kwake.

Uhuru ulipokuja masharti yale yakafutwa. Mwaka sitini na tano mama akapiga kura ya jembe na nyumba, maana wagombea wa ubunge walipewa alama hizo mbili ili na asiyejua kusoma achague. Mwakani yake akamzaa Mwatumu, na alipokua akamwachia usia mmoja tu juu ya mambo haya: ulichokitia ndani ya sanduku ni baina yako na Mola wako, usimwambie mtu, hata akikuuliza kwa mapenzi.

Mwatumu akaushika usia huo kama sala. Mwaka themanini na tano alipiga kura yake ya kwanza, akiwa bibi harusi mbichi. Hapo chama kilikuwa kimoja, upande huu picha ya mgombea na upande huu kivuli cha kumkataa, Massoud hakuwa na la kuuliza. Lakini mwaka tisini na tano vyama vilipokuwa vingi na bendera zimejaa minazini, mume akarudi kutoka kituoni akamuuliza mkewe:

"Umempa nani?"

"Niliyemtaka."

"Namjua?"

"Kwa jina."

Massoud akacheka, akadhani atamwambia usiku. Hakumwambia usiku ule wala usiku mwingine. Kila uchaguzi mume yule huuliza, na kila uchaguzi jawabu lilelile. Walilala kitanda kimoja miaka arobaini, wakazaa, wakauguzana, na Massoud amezikwa hajui mkewe alimpa nani hata mara moja.

Kuzikwa kwake ndiko kulikoleta haya. Kisukari kilimchukua, Mungu amrehemu, na Mwatumu akakalia eda kama desturi yetu. Miezi minne na siku kumi mwanamke yumo ndani, nguo nyeupe, hakuna wanja wala udi, haonani na wanaume wasio maharimu zake, na jina lake kwa muda ule huwa ni kizuka. Wifi yake Zuleha, dada wa marehemu, ndiye aliyekuwa akimhudumia, na binti wa Mwatumu, Shadya, fundi cherehani wa mjini Tanga, akafunga chumba chake Ngamiani akaja kusaidia. Shadya alikuwa akilala kwa shangazi yake, nyumba ya tatu, kwa kuwa chumba cha mama kilijaa wazee wa kike.

Siku sabini zilikuwa zimepita kwa utulivu. Ndipo mwenyekiti wetu wa kijiji akajiuzulu kwa maradhi, na uchaguzi mdogo ukatangazwa, Jumapili, shuleni, saa mbili asubuhi mpaka saa kumi jioni.

Wagombea walikuwa wawili. Wa kwanza Sele, mdogo wa marehemu Massoud, shemeji wa Mwatumu. Wa pili Dorkasi, Mbondei aliyeolewa hapa zamani, mnunuzi wa mwani. Vyama vyao nisivitaje, mimi sina ugomvi na bendera. Kila mtu kijijini alikuwa na hakika na kura ya Mwatumu. Upande wa Sele walisema damu ni nzito, atampa shemeji yake. Upande wa Dorkasi walisema mwanamke mlima mwani atampa nani tena? Mwenyewe hakuna aliyemuuliza, na angeulizwa asingesema. Alichokuwa nacho yeye ni shida nyingine kabisa: tangu siku ile ya kwanza alipokuwa bibi harusi hajawahi kukosa kupiga kura, na sasa yumo ndani, na siku kama sitini zimebaki.

Jumatatu Sele akaja, akasimama nje ya pazia kwa adabu zote.

"Shemeji, tumesikia maneno kwamba unauliza habari ya shuleni."

"Nimeuliza tu."

"Usiulize. Kizuka hatoki kwa mambo ya siasa. Watu watasema mke wa Massoud hata hakungoja kaburi likauke. Na sisi bado tuna mirathi ya kukaa na kuzungumza, tusije tukavunjiana heshima."

Unaona mtu? Anagombea, anataka kura, na kura ya shemeji yake anaikimbia. Alimjua Mwatumu. Hakuwa na hakika naye, na mtu usiye na hakika naye ni bora akae ndani. Mwatumu hakujibu. Alikaa juu ya mkeka ametazama pazia, na Sele akauchukua ukimya ule akaondoka nao kama idhini.

Lakini Jumatano Mwatumu akamtuma bibi mmoja mzee kwa Shekhe Yakoub, kwa siri, na Shekhe akaja baada ya alasiri, akaketi barazani na pazia kati yao.

"Shekhe, kizuka akiwa na haja, anatoka?"

"Mchana, kwa haja yake, anatoka. Akishaikidhi anarudi kwake, analala kwake. Hayo yamo vitabuni, sikuyatunga mimi."

"Na kura ni haja?"

Shekhe hakuwa mtu wa kujitia katika mambo ya Sele, na mjumbe mmoja wa Sele alikuwa muadhini wake.

"Bi Mwatumu, haja ya mtu anaijua mwenyewe. Jisitiri, nenda, rudi. Mimi sikukutuma wala sikukukataza."

Hilo likamtosha. Hakumwambia Zuleha, hakumwambia Shadya. Hapo ndipo alipokosea, na nasema wazi kwamba alikosea: alifunga mdomo kwa wote, hata kwa mtoto wake, kana kwamba kwenda kupiga kura nako ni siri sawasawa na kura yenyewe.

Jumapili asubuhi wazee wa kike walikuwapo, wakasoma, wakanywa chai, wakazungumza maradhi yao. Saa nne hawajaondoka. Saa sita bado. Mwatumu kila mara anachungulia jua kwenye kidirisha. Zuleha hakuonekana asubuhi ile, wala Shadya, akadhani wamekwenda kwenye mwani kwa kuwa maji ya bamvua yalikuwa yametoka, mashamba yako wazi. Saa nane na nusu wazee wakaenda zao kupumzika. Akatawadha, akajifunika shuka nyeupe juu ya nguo nyeupe, uso wote, akaacha upenyo wa jicho moja, akatoka.

Si mbali, dakika kumi. Zilikuwa dakika kumi za kuungulika. Watu walipomwona walihama njia, wanaume wakageuza nyuso ukutani kama inavyotakiwa, na nyuma yake akasikia minong'ono ikiondoka mbio kumtangulia. Alisema moyoni, Massoud nisamehe, kisha akasema, unisamehe nini, wewe ungekuja nami.

Msimamizi wa kituo alikuwa Loveness, mwalimu mgeni kutoka Maramba, mwezi wa pili tu shuleni. Mezani palikuwa na mawakala wawili, Robert wa upande wa Dorkasi na kijana mmoja wa upande wa Sele, na mlangoni askari. Wino wa kupaka kidoleni haukuletwa. Walisema ni uchaguzi mdogo, watu wanajuana, jina likiwa kwenye orodha na mawakala wakikutambua kwa sura, inatosha.

"Shikamoo mama," alisema Loveness.

"Marahaba mwanangu. Mwatumu binti Jumbe."

Loveness akateremsha rula kwenye orodha, ikasimama. Akatazama. Akarudia kutazama.

"Mama, jina hili limeshapigwa alama. Umeshapiga kura."

"Sijapiga."

"Alikuja kizuka asubuhi, saa tatu, amevaa hivihivi. Alishikwa mkono na wifi yake. Akasema ndiye Mwatumu binti Jumbe."

Na nieleze kosa lilikuwa la namna gani, maana ni kosa ambalo pengine popote lisingefanyika. Kizuka alipoingia saa tatu, Robert na mwenzake waligeuza nyuso dirishani, kwa heshima, wote wawili. Askari akatazama chini. Loveness, mgeni, alikuwa ameonywa na mwalimu mkuu asije akamwambia mjane wa pwani ajifunue mbele ya wanaume. Basi sura ndiyo iliyokuwa kitambulisho, na sura ndiyo ambayo hakuna aliyethubutu kuitazama.

Robert alikuwa wa kwanza kuzinduka. Akasimama.

"Mmoja kati ya hao si Mwatumu. Tutajuaje kama si huyu?"

Mwatumu akasimama pale na shuka yake. Angeweza kugeuka arudi, na pengine angekuwa salama. Lakini aliona mbele yake ile njia ya kurudi kutoka Tanga mjini, na mama yake juu yake, na akakasirika hasira ambayo hajapata kukasirika. Akaishika shuka kwa mikono miwili akaifunua. Uso wote, mchana, mbele ya wanaume watatu na dirisha lililojaa watoto.

"Nitazameni. Mimi ndiye?"

Wakala wa Sele akasema kwa sauti ndogo, "Ndiye, Bi Mwatumu."

"Basi mpeni karatasi."

"Subiri," alisema Robert, na sauti yake ilikuwa ya mtu aliyeokota kitu njiani. "Kwanza iandikwe. Kuna mtu amepiga kura kwa jina lake. Hilo ni kosa la jinai. Afande, andika. Bi Mwatumu sema tu mbele ya afande kwamba asubuhi hukuja, halafu aitwe huyo wifi yake, atamtaja."

Askari akatoa daftari. Loveness alijua kosa la kutotazama lilikuwa lake kabla ya kuwa la mtu mwingine. Akajaribu kukumbuka chochote cha kumsaidia.

"Sikumwona uso," alisema, "lakini alipopokea karatasi niliuona mkono. Mkono wa kijana. Na hapa, juu ya kiganja, ana kovu refu, kama ameungua na pasi."

Mwatumu hakuhitaji zaidi. Kovu lile alilitia dawa mwenyewe, asali na unga wa mwarobaini, Shadya akiwa na miaka kumi na miwili, alipokuwa anajifunza ushonaji na pasi ya mkaa ikamteleza. Akashika ukingo wa meza.

Nje ya mlango alimwona Zuleha. Alikuwa amekuja mbio, ameambiwa, amesimama kati ya wanawake na uso umemparara. Na nyuma ya Zuleha, akiwa na dera la kijani, mikono ameificha ndani ya kanga, alikuwa Shadya. Walitazamana, mama na mwana. Shadya hakulia wala hakukimbia. Alisimama tu akimtazama mama yake aliye wazi uso mbele ya kijiji kizima.

"Mama," alisema askari, kalamu ipo tayari. "Asubuhi ulikuja au hukuja?"

Ninyi mngesema nini? Mimi nimejiuliza mara nyingi na sijapata jawabu la kujivunia. Akisema hakuja, atapewa karatasi, pengine, au walau jina lake litasafishwa, na Shadya atapandishwa gari la polisi leo hii. Akisema alikuja, amejifunua bure, ameivunja heshima ya eda mbele ya watu, na kura yake, ile ambayo hakumpa hata Massoud kuionja, imekwenda na mkono wa mwingine. Robert alikuwa amemkazia macho. "Sema tu, Bi Mwatumu. Ni haki yako." Na ilikuwa kweli, ilikuwa haki yake, ndiyo maana iliuma.

Mwatumu akajifunika uso polepole.

"Nilikuja," alisema. "Nimesahau. Msiba umenichanganya."

Robert akapiga meza. Askari akamtazama kitambo, akafunga daftari, akasema, "Nenda kapumzike mama, umefiwa." Loveness alijua. Alikuwa na macho ya kuomba radhi, lakini kalamu aliilaza mezani, hakuandika kitu. Mwatumu akatoka. Wanawake wakampisha njia, na kabla hajafika nyumbani maneno yalikuwa yameshafika: mke wa Massoud kavunja eda ili apige kura mara mbili. Sele mwenyewe alisikika akisema, mwacheni, uzee huo.

Jioni saa kumi na mbili zilisikika vigelegele upande wa soko. Dorkasi ameshinda kwa kura thelathini na moja. Shadya aliingia chumbani akiwa na sinia la chakula, akaliweka chini, akapiga magoti.

"Mama, nisamehe. Shangazi alinambia wewe huwezi kutoka, kura itapotea bure, afadhali nikupigie. Alitaka nimpe Ami Sele. Nikamkubalia mdomoni."

Mwatumu alikuwa ameegemea ukuta.

"Nilipofika ndani nikampa Bi Dorkasi, mama. Nilijua ndiye unayemtaka. Shangazi hajui mpaka sasa. Na ameshinda, umesikia? Kura yako imekwenda ulikotaka."

"Nani kakwambia ninakotaka?"

Shadya alimtazama mama yake kana kwamba ndiyo kwanza anamwona. Alikuwa na hakika moja tu tangu asubuhi, nayo ndiyo iliyomtoa woga, na sasa ilikuwa inamponyoka.

"Kwani ulikuwa umpe Ami Sele?"

"Sikusema hivyo."

"Basi niambie ulikuwa umpe nani. Niambie mama, nijue kama nilikosea."

"Ulikosea uliposhika kalamu," alisema Mwatumu.

Kisha akalia. Alilia kwa sauti, kwa uchungu, kama mtu aliyepokonywa kitu mkononi na mtu anayempenda, na ndivyo ilivyokuwa. Wali ukapoa kwenye sinia. Shadya alikaa palepale kwenye mkeka, hajui amshike au amwache.